Siku Nyungo Zilipotolewa Uani

Wewe unayeanza kusoma huku umebinua mdomo, binua mapema umalize, maana nikishaanza sitaki kukatizwa. Sijaomba mtu aniamini. Nilichoomba miaka yote ni mtu anisikilize hadi mwisho, na hilo hata kwa wanangu wa kuwazaa sijalipata. Wa kwanza waliniambia nimeona uchawi. Waliofuata wakaniambia sikuona kitu. Hawa wa siku hizi ndio wameniudhi kuliko wote, kwa sababu wao wameniamini kabla sijamaliza kusema.

Nilipokuwa mtoto wa kutumwa chumvi, tulipanga chumba Mtaa wa Sikukuu, Kariakoo: mimi, mama yangu, na dada yake, Mama Mkubwa Somoe. Ilikuwa nyumba ya Kiswahili kama zilivyokuwa zote kabla ya maghorofa haya ya kuziba jua. Ukumbi katikati, vyumba huku na huku, na uani jiko, bomba, kamba za nguo na choo. Sisi tulitoka kusini, upande wa Kilwa. Mwenye nyumba alikuwa mtu wa hapa hapa, babu na babu, na mkewe Bi Mwanakheri hakutuacha tusahau. Tukimpa shikamoo asubuhi anajibu, "Marahaba, wageni wangu." Tulikaa mle hadi nikaota meno ya pili, bado ni wageni wake.

Mama alikuwa mgonjwa wa kifua, kwa hiyo aliyetulisha ni Mama Mkubwa. Alipeta mchele kwenye duka la nafaka la Mzee Jongo, karibu na soko, lile soko la zamani. Mchele wa siku zile ulikuja dukani na pumba zake, mawe yake na kila takataka ya shambani, na wenye maduka waliwaweka wanawake barazani wapete kabla mteja hajafika. Kila mmoja alikuja na ungo wake. Wa Mama Mkubwa ulisukwa kwao, mpana, ukingo wake umeshonwa kwa ukindu mweusi. Alikuwa akiurusha mchele juu, unapanda wote kwa pamoja, unatua wote kwa pamoja, na pumba zimeshakwenda zao. Watu walisimama kumtazama. Jioni hakuubeba ungo kuja nao nyumbani. Aliutundika kwenye msumari dukani kwa Mzee Jongo, kwa kuwa chumba chetu kilikuwa kidogo na panya wa nyumba ile walikula hata sabuni. Sababu ni hiyo tu, haina mkia.

Sasa, mtu wa pwani simwelezi habari za ungo, lakini huenda unasoma haya ukiwa umekulia ghorofani. Tulikuzwa tukijua kwamba mchawi husafiri kwa ungo. Hukaa ndani yake kama wewe unavyokaa kwenye kiti, akanuia anakokwenda, akaruka hadi Pemba au Ngazija, akamaliza shughuli zake na kurudi kabla jogoo hajawika. Hayo tulilishwa pamoja na uji. Nilikatazwa kukalia ungo, nilikatazwa kuuvaa kichwani kwa mchezo, na sikuuliza kwa nini, kwa sababu watoto wa wakati ule hawakuwa na mdomo wa kuuliza.

Siku yenyewe ilikuwa ya jua na upepo, baada ya alasiri. Mama Mkubwa alirudi mapema kwa sababu mama aliamka vibaya, na alikuwa uani anaanua nguo. Mimi nilikuwa nampokea. Kilichonifanya nitazame juu si mwanga wala sauti, ni kunguru. Kunguru wa Kariakoo hawanyamazi hata kwa maiti, na ghafla walikuwa wamenyamaza, wamejipanga kwenye ukuta kama watoto wa chuoni maalimu akiingia. Nikainua uso.

Kilikuwa juu ya mapaa, upande wa Ilala. Kitu cha mviringo, bapa, cheupe cha kung'aa kama bati jipya. Hakikuwa na bawa, hakikuwa na moshi, hakikuwa na mlio. Kimetulia pale kama kimeangikwa. Mama Mkubwa alinishika bega. Nakumbuka uzito wa mkono ule kuliko ninavyokumbuka kitu chenyewe. Hakusema neno isipokuwa "Subhanallah," polepole, kama mtu anayesoma kwa shida. Mtaani tukasikia watu wanaitana, milango inafunguliwa, mtu anasoma Ayatul Kursi kwa sauti ya kutetemeka. Kisha kikaondoka. Kilikwenda upande wa baharini, na nguo zote kwenye kamba zetu zilikuwa zinapeperuka kuelekea bara. Nilikuwa mtoto, lakini hilo nililiona, kwamba kinakwenda kinyume na upepo, na kwamba hakina haraka.

Ni hayo tu niliyoyaona. Kilikuwa nini? Sijui. Sijawahi kusema najua. Wengine wote wanajua.

Kabla ya magharibi mtaa mzima ulishakuwa na jibu. Umbo lile kila mwanamke alilijua, analo jikoni. Kilichowatisha zaidi ni kwamba kimetoka mchana, maana mchawi wa usiku ana haya kidogo, lakini anayeruka jua likiwaka huyo hana tena anachokiogopa. Na Bi Mwanakheri, nisimwonee, alikuwa na la kumtia hofu: mjukuu wake wa kiume alikuwa ndani na homa, siku kadhaa hali chakula. Alitoka ukumbini amejifunga kanga kiunoni, akagonga mlango hadi mlango. Alitaka kila mwenye ungo autoe uani uonekane. Yule ambaye wake haupo nyumbani saa ile, basi ndio ule uliokuwa juu.

Hebu fikiri. Wanawake wazima, wengine wamehiji, wamepanga nyungo zao chini kama wanaouza mnadani. Mwenye ungo uliotoboka alishukuru Mungu kwa lile tobo, akawaonyesha wenzake kwamba wake hata chenga haushiki, utashika mtu? Walicheka. Watu hucheka sana wakiwa na hofu. Kisha wakatutazama sisi.

Mama Mkubwa akasema ungo wake uko dukani kwa Mzee Jongo, kama ulivyo siku zote. Duka lilikuwa limeshafungwa. Ikakubaliwa kwamba asubuhi waende kutazama, naye akakubali haraka, kwa moyo mweupe, kwa kuwa alidhani jambo hilo lina mwisho. Mimi nikafanya kimbelembele. Nikasema kwamba Mama Mkubwa alikuwa na mimi kwenye kamba ya nguo, amenishika bega, na kile kitu kilikuwa juu wakati ule ule, na mtu hawezi kuwa kwenye kamba ya nguo na juu ya mapaa. Niliona nimemaliza kesi.

Jirani wa chumba cha mbele alinijibu kwa upole, na upole wake ndio uliokuwa mbaya. "Mwanangu, uliyekuwa naye ni mgomba."

Hilo nalo lilijulikana. Mchawi akiondoka huacha kipande cha mgomba mahali pake, na kwa dawa zake wewe unamwona ni mtu, anapumua, hata anakuitikia. Kwa hiyo ushahidi wangu uligeuka papo hapo. Kumbe mimi ndiye niliyethibitisha kwamba mgomba ulikuwapo.

Usiku ule nililala kitanda kimoja na Mama Mkubwa kama kawaida. Nilingoja hadi pumzi zake zikatulia, nikausogeza mkono wake puani, nikaunusa. Nilitaka kujua kama una harufu ya utomvu wa mgomba. Ulinuka sabuni ya mche na pumba za mchele. Nikasikia anasema gizani, hajalala wala nini, "Nusa na huu mwingine, usije ukasema sikukupa wote." Akanipa mkono wa pili. Nikaunusa. Tukacheka tumejifunika shuka ili mama asiamke, yeye akicheka zaidi yangu, hadi kitanda kikalia. Sikumsikia tena akicheka namna ile.

Asubuhi walikwenda, Bi Mwanakheri mbele na wanawake nyuma yake, nami nikawafuata. Mzee Jongo alifungua mbao za duka. Ungo ulikuwa ukutani, kwenye msumari wake, na vumbi la mchele juu yake. Mama Mkubwa alinyoosha mkono kuuonyesha.

Bi Mwanakheri aliutazama, akaugusa ukingo kwa kidole kimoja, akajifuta kidole kwenye kanga. "Naam," akasema. "Umesharudi."

Mpaka leo nikikumbuka neno lile natamani kutupa kitu. Kama ungo usingekuwapo, ni mchawi. Ungo umekutwa, ni mchawi, na tena fundi, maana ameurudisha mahali pake. Nilikuwa na akili za mtoto, lakini niligundua pale dukani kwamba hapakuwa na mahali popote ambapo ungo ule ungekutwa ukamwokoa mwenyewe.

Hawakumpiga. Sitaki uongeze chumvi ukampigisha mawe. Kariakoo ya wakati ule ilikuwa na adabu zake. Walichofanya ni kuuliza. Mteja anakuja kwa Mzee Jongo, anauliza mchele huu umepetwa na nani. Akiambiwa, anakumbuka ana haraka. Baadaye hawakuuliza, walikuwa wanapita tu kwenda duka la pili. Mzee Jongo alistahimili kadiri alivyoweza, kisha akamwita Mama Mkubwa nyuma ya magunia. Nilikuwepo, nilikuwa nimempelekea chai. "Mimi siamini, Somoe," alimwambia, anatazama chini. "Lakini mchele wangu unaliwa na wanaoamini." Akampa ungo wake mkononi.

Wiki hiyo hiyo mjukuu wa Bi Mwanakheri akapona. Homa hupona, ndiyo kazi yake, ikiwa haikuua. Lakini nenda kamweleze hayo bibi aliyekesha akimkanda mjukuu kwa kitambaa, ambaye jirani zake wanamwambia, unaona, mchawi ameacha kazi na mtoto ameomba uji.

Mama Mkubwa akahamia Feri kukaanga samaki. Akadhani kule ni watu wengine. Kumbe wanawake wa Kariakoo samaki wanunue wapi, kama si huko huko? Hadithi ilimkuta kwenye karai lake. Mwisho aliondoka kwenda kwao kusini, akauacha ungo kwa mama, na mama hakuwahi kuutumia, wala hakuutupa. Sikumwona tena. Habari za kifo chake zilikuja na abiria. Kule nako, tulisikia, jina lilikuwa limetangulia kufika.

Kama jambo lingeishia hapo, ningenyamaza kama wengine walivyonyamaza. Lakini sikiliza.

Nilipofika madarasa ya juu ya shule ya msingi, mwalimu wetu, kijana mwenye kalamu mfukoni, alitufundisha kwamba tuache imani za kizamani, nchi inajengwa. Nikanyoosha mkono nikamweleza nilichokiona. Darasa likacheka. Yeye akasema lilikuwa puto la watu wa hali ya hewa. Nikamuuliza puto gani linakwenda kinyume na upepo. Akaniambia nisimame hadi kengele, na nilisimama. Elimu yangu ya mambo ya angani iliishia pale. Wala simlaumu sana, angalau yeye alikubali kulikuwa na puto.

Maana nyumbani mambo yalishabadilika. Ilikuwa ni aibu sasa kusema umewahi kuona kitu kama kile; utaonekana mshamba, mtu wa ramli. Watu wale wale waliopanga nyungo uani wakawa hawakumbuki. Nilipokuwa msichana mkubwa, mama ameshafariki, nilikwenda kwa Bi Mwanakheri kwa miguu yangu. Alikuwa amezeeka, amekaa kwenye mkeka anachambua mboga. Nilimwamkia vizuri. Nikamwomba jambo moja tu, aseme mbele ya watu wa mtaa kwamba Mama Mkubwa Somoe alionewa, ili jina lake litolewe taka.

Alinitazama kwa huruma, kama mimi ndiye mgonjwa. "Mambo gani hayo, mwanangu? Mimi siku hiyo sikuona kitu. Hakuna aliyeona kitu."

Akaendelea na mchicha wake. Kama hakuna aliyeona kitu, basi Mama Mkubwa alifukuzwa kwa ajili ya nini? Swali hilo nilimuuliza, tena si kwa sauti ndogo. Alisema niache kuchokonoa ya Mungu. Kisha akanikaribisha chakula. Sikula.

Ukapita wakati mwingine, wakaja wahubiri wa kila namna, hawa wakasema lilikuwa jini, wale wakasema alikuwa shetani mwenyewe amejigeuza malaika wa nuru. Niliwasikiliza nikaenda zangu sokoni. Hakuna hata mmoja aliyeniuliza nani alikuwa amesimama na mimi.

Sasa nakaa Ilala kwa mjukuu wangu Rehema, binti mzuri, ana kazi Posta na ana simu ambayo haitoki mkononi hata akila. Mwaka huu ndio nikajua kwamba dunia imegeuka tena. Siku hizi kuona kitu angani ni heshima. Rehema alinionyesha kwenye simu watu wazima wa nchi za mbali, wamevaa suti na wengine walikuwa marubani wa jeshi, wanaapa mbele ya wakubwa wao kwamba wameona vitu vya mviringo visivyo na bawa, na hakuna anayewacheka. Nilitazama hadi macho yakauma. Mmoja wao alisema kilikwenda kinyume na upepo. Nikajikuta nimeshika kifua. Nikamwambia Rehema, mimi nilikiona hicho, nikiwa mdogo. Naye badala ya kucheka, akaruka.

Akamleta mwenzake, Idrisa, kijana mwenye ndevu za kuchonga anayerekodi mambo ya ajabu na kuyaweka mtandaoni. Alinipa shikamoo nzuri, akaweka taa, akaweka simu kwenye kijiti chake, akaniita bibi yetu. Nikadhani, haya, Mungu si Athumani, ndio zamu yangu. Nilimweleza yote kama nilivyokueleza wewe, na nilimweleza sharti. Nilisema: weka chochote, toa chochote, lakini maneno haya yabaki, kwamba Somoe binti Mfaume alikuwa chini, uani, na mimi, na nyungo zote za mtaa ule zilikuwa nyungo tu. Akaitikia kwa kichwa. Alinieleza kwamba wakubwa wa dunia wanalijua jambo hili na wanalificha. Wakikanusha ndio dalili wanaficha, na wakikubali ndio ujue lilikuwa kweli. Nilimtazama, nikaona kama Bi Mwanakheri amefufuka na ndevu.

Ningeondoka pale pale. Sikuondoka, kwa sababu mtu aliyekosa masikio maisha yake yote hachagui wa kumsikiliza.

Jumapili baada ya chakula Rehema akaniita sebuleni, Idrisa naye yupo, wamekwishaiweka ile rekodi kwenye televisheni ili niione kubwa. Wamefurahi, wamenunua hadi soda. Kwanza likatokea jina la kipindi kwa herufi nyekundu: bibi wa Kariakoo afichua, mama yake mkubwa alikuwa mjumbe wa viumbe wa angani. Kisha uso wangu, nasema ungo, nasema mgomba, nasema ungo ulikutwa ukutani. Kisha sauti ya Idrisa yenye muziki wa kutisha inaeleza kwamba wazee wetu waliviita nyungo vyombo ambavyo leo tunavijua ni vya sayari nyingine, na kwamba mwanamke huyu Somoe huenda alikuwa akienda na kurudi navyo, na kumwachia mtoto kivuli chake. Kamba ya nguo haimo. Bega langu halimo. Mzee Jongo hayumo. Maneno yangu ya sharti hayamo hata moja.

Nilimuuliza yako wapi. Alisema kipindi kilikuwa kirefu, watu hawana subira, sehemu ile ilikuwa, alitafuta neno, ya kawaida mno. Nikamwambia aitoe yote. Akasema bibi, imeshatazamwa na watu wengi, haitoki, hata akiifuta wengine wameshaichukua. Hapo nikamwelewa vizuri kabisa.

Nimefikiri sana, na ninalosema sasa si la hasira. Sijali tena kile kilikuwa nini. Kiwe cha jini, kiwe cha mzungu, kiwe cha watu wa nyota. Kilikuja, hakikumgusa mtu, kikaondoka, na kina adabu kutushinda. Walioniumiza mimi ni wa chini. Watu hawawezi kutazama kitu kisicho na mwenyewe. Lazima wakitafutie mwenyewe, na hawamtafuti mbali. Wanamchukua aliye karibu ambaye hana wa kumsemea. Asiyekuwepo na lake halipo. Zamani walimpa Somoe kile kitu wamfukuze kazi. Leo wamempa kile kile wapate watazamaji. Katikati walikataa kwamba kimewahi kuwapo, na hawakumrudishia hata ile kazi yake.

Rehema aliniona nimebadilika uso. Akaja akapiga magoti mbele yangu, akanishika mikono, mtoto wa watu hana ubaya. "Lakini bibi, siku hizi si tusi," alisema. "Watu wanamsifu. Soma walivyoandika."

"Alikuwa anapeta mchele," nikamwambia. "Kama wanataka kumsifu, wamsifu kwa hilo."

Idrisa alicheka kidogo, akidhani ni utani wa wazee, akanyoosha simu anirekodi nirudie. Nikasimama. Niliufunga ushungi wangu vizuri, nikawapita wote wawili na soda zao, na kwenye televisheni mimi mwenyewe bado nasema. Nikatoka nje, nikaufunga mlango.